Je, wajua ni Niall yupi aliyeupa ukoo wa O'Neill jina lake?

Ukiuliza ukoo wa O'Neill wa kaskazini mwa Ayalandi ulitokana na nani, wengi watakutajia Niall wa Mateka Tisa, mfalme anayesimuliwa kuwa aliishi karne ya 5. Jibu hilo limekosea kwa karne nne na zaidi. Aliyeupa ukoo huo jina ni Niall mwingine, mwenye lakabu ya Glúndub, yaani Goti Jeusi, aliyekuwa mfalme wa Ailech, ufalme wa kaskazini mwa Ayalandi, na kisha, kuanzia mwaka 916, mfalme mkuu wa Ayalandi.

Chanzo cha mkanganyiko ni neno moja. Katika Kiayalandi cha kale, "ua" ni mjukuu, na wingi wake ni "uí". Uí Néill, yaani wajukuu wa Niall, lilikuwa jina la jumla la koo nyingi za kifalme zilizojinasibisha na yule Niall wa kale, na Goti Jeusi mwenyewe alikuwa mmoja wao. Ua Néill, kwa umoja, ni jambo jingine kabisa.

Mwaka 917 Waviking walirudi Dublin chini ya Sitric. Niall aliwakabili huko Septemba 919, akauawa vitani pamoja na wafalme wengine kadhaa, akiwemo mfalme wa Ulaid, ufalme wa kaskazini-mashariki mwa Ayalandi, na utawala wake ukaishia hapo baada ya miaka mitatu tu. Hata hivyo mwanawe, Muirchertach, alijijengea sifa kubwa ya kivita, na mtoto wa Muirchertach, Domnall, akawa mfalme mkuu mwaka 956 hadi alipofariki mwaka 980. Domnall ndiye aliyeitwa Ua Néill kwa maana halisi, kwa sababu alikuwa mjukuu wa Goti Jeusi.

Badiliko ninaloliona kuwa kiini cha habari hii lilikuja baada yake. Flaithbertach, mfalme wa Ailech aliyekwenda kuhiji Roma mwaka 1030, naye aliitwa Ua Néill, ingawa kwa Goti Jeusi hakuwa mjukuu wala kitukuu, bali kilembwe. Neno lililokuwa likieleza uhusiano wa damu kati ya watu wawili lilikuwa limegeuka jina la kurithiwa, na ndilo "ua" hilo lililokuja kuandikwa Ó, kisha O' kwa tahajia ya Kiingereza.

Baadaye jina likawa pia cheo: mkuu wa ukoo aliitwa Ó Néill bila kuongezewa jina lake binafsi, na alisimikwa juu ya kiti cha mawe huko Tullyhogue. Hugh O'Neill alisimikwa hivyo mwaka 1595 akiwa vitani na Waingereza, na mwaka 1602 kamanda wao, Mountjoy, alifika Tullyhogue akaamuru kiti hicho kivunjwe.