"Eddie Murphy haigizi, anajicheza tu": dhana potofu za wateja wangu, na ukweli

Nauza na kuazimisha filamu tangu enzi za mikanda ya VHS, na kama kuna ubishi ulionichosha hapa kaunta ni huu wa muvi bora za Eddie Murphy. Mteja haulizi. Anakuja na orodha yake kichwani: ya kwanza Coming to America, ya pili Beverly Hills Cop, halafu "zilizobaki ni zilezile, yule jamaa haigizi, anajicheza mwenyewe." Juzi nimeisikia tena, kutoka kwa kijana ambaye Trading Places hata hajaiona. Sasa naandika, ili wa kesho nimpe asome huku mimi naendelea na kazi.

"Haigizi, anajicheza mwenyewe"

Hii ndiyo inayozaa nyingine zote. Anayeiamini hupanga filamu kwa kuangalia wapi Eddie kaongea haraka na wapi kakitoa kile kicheko chake. Akikutana na filamu isiyo na kicheko kile, anasema haijachangamka.

Huwa nawauliza swali moja: katika Coming to America ya mwaka 1988, Eddie Murphy amecheza watu wangapi? Wengi wanajibu mmoja, mwanamfalme Akeem. Wanaojiona wajanja wanasema wawili, kwa sababu wanamkumbuka Clarence, yule kinyozi mzee. Jibu ni wanne. Wa tatu ni Randy Watson, yule mwimbaji anayeimba vibaya, kisha anaangusha maikrofoni na kukanyagakanyaga jukwaa kana kwamba ukumbi mzima umezimia kwa furaha. Wa nne ni Saul, yule mzee mzungu, Myahudi, anayekaa hapo kwa kinyozi akibishana na wenzake habari za mabondia.

Hapo ndipo watu wanapowaka. "Mzungu yule? Acha utani, bosi." Nimeshawekeana dau la soda na watu wazima kwa sababu ya Saul, na soda nimezinywa. Ukitaka kuhakikisha, acha filamu ikimbie hadi majina, uone mwenyewe kilichoandikwa mbele ya jina la Saul. Na humo humo kwenye majina Saul anarudi, anasimulia kichekesho cha mteja wa mgahawani anayemng'ang'ania mhudumu aionje supu, hadi mhudumu anapochoka na kuuliza, kijiko kiko wapi? Ahaa! Ninyi mnaozima muvi majina yanapoanza kupanda mnastahili kupitwa na mambo. Nimelisema hili miaka nenda rudi: majina ni sehemu ya filamu, mmelipia nayo.

Sasa wanaokubali wananiletea ya pili: "Basi ni mekapu." Ni kweli aliyetengeneza sura zile, Rick Baker, aliteuliwa kuwania Oscar kwa kazi hiyo. Lakini mekapu inakupa ngozi na pua. Haikupi pumzi. Mwangalie Clarence na Saul wakiwa katika ubishi mmoja: mmoja anafoka kama mwenye nyumba, mwingine anasubiri, halafu anaingiza neno lake taratibu huku lafudhi imebadilika kabisa. Ni mtu mmoja anajibizana na nafsi yake, na kila upande una mwendo wake. Ungekuwa ni "kujicheza", wote wawili wangeongea kama Axel Foley, yule polisi wake wa Beverly Hills Cop.

Kama hiyo haitoshi, nenda The Nutty Professor ya 1996, pale familia ya Klump inapokula chakula cha usiku. Profesa Sherman ni Eddie. Baba ni Eddie. Mama ni Eddie. Bibi ni Eddie. Kaka yake, Ernie, ni Eddie. Asiye Eddie mezani ni yule mtoto tu. Kila mhusika alirekodiwa peke yake, Eddie akiwa ndani ya mpira na sponji, akizungumza na viti visivyo na jibu, kisha vipande vikaunganishwa. Maana yake alipomcheza Mama anayemtetea mwanawe, ilibidi akumbuke Baba atamkatiza wapi, kwa sauti gani, na macho yake yatue juu ya uso ambao bado haupo. Ukiitazama mara ya pili usicheke. Mfuate Mama peke yake. Anamwangalia Sherman kwa huruma hata wakati kamera imemlenga mwingine. Katika filamu nzima amecheza watu saba, ukiongeza Buddy Love, yule mwembamba anayegeuka Sherman akinywa dawa yake, na yule mwalimu wa mazoezi wa kwenye runinga, Lance Perkins. Rick Baker na David LeRoy Anderson walipata Oscar ya mekapu. Eddie hakuteuliwa kabisa kwenye Oscar, ingawa chama cha wahakiki cha National Society of Film Critics kilimpa tuzo ya mwigizaji bora wa mwaka. Wahakiki waliona, mteja wangu hajaona.

Nadhani najua kwa nini dhana hii imeshika mizizi kwetu. Wengi tulimjua Eddie kwenye vibanda umiza, na huko filamu nyingi zilikuwa na msimuliaji juu yake. Simwonei mtu: Lufufu alikuwa fundi, na DJ Afro wa Kenya anajua kazi yake. Ila msimuliaji akiingia, sauti ya mwigizaji inakufa, na kwa Eddie Murphy sauti ni nusu ya kazi, pengine zaidi. Ukimwondolea lafudhi za Saul na Clarence unabaki na wazee wawili wanaofungua midomo. Ndiyo maana namshauri kila mteja, hata asiyejua Kiingereza vizuri: chukua yenye sauti yake halisi, vaa hedifoni, weka maandishi chini. Kopi ya chenga iliyorekodiwa ukumbini usinilaumu nayo, hainihusu.

Na msidhani anahitaji mekapu. Trading Places ilitoka 1983, akiwa na miaka 22. Kuna pale wale ndugu wawili matajiri wanapomweleza Billy Ray, yaani Eddie, biashara ya bidhaa kama wanamfundisha mtoto wa chekechea: nyama ya nguruwe ni ile unayoweza kuikuta ndani ya sandwichi. Eddie hasemi kitu. Anageuza uso, anatutazama sisi kwenye kamera, basi. Nimewaona wateja wakirudisha nyuma kipande hicho mara tatu, na bado wanatoka dukani wakisema jamaa anategemea mdomo.

Watanijia na Axel Foley. Sawa, Axel ana kasi na kicheko cha Eddie mwenyewe, siwezi kukataa. Lakini mfuatilie anapoingia ile hoteli ya kifahari bila chumba alichoagiza: papo hapo anajigeuza mwandishi wa jarida la Rolling Stone aliyekuja kumhoji Michael Jackson, na anapata chumba. Katika 48 Hrs. ya 1982, filamu yake ya kwanza, ni mfungwa anayejifanya polisi ndani ya baa ya wazungu wasiompenda, na baa nzima inanyamaza. Huyo ni mwigizaji anayemcheza mtu anayeigiza.

"Iliyoingiza hela nyingi ndiyo bora"

Basi namba moja ni Shrek 2 ya 2004, katuni iliyovuka dola milioni 900 duniani, na humo Eddie ni sauti ya punda. Tukiendelea na hesabu hiyo, Norbit ilipita milioni 150 wakati Bowfinger haikufika 100, na anayeniambia Norbit ni bora kuliko Bowfinger simwazimishi tena. Dolemite Is My Name ya 2019 nayo ni ya Netflix. Mauzo ya tiketi utayapima wapi?

"Beverly Hills Cop iliandikwa kwa ajili yake"

Hapana. Aliyekuwa amepangwa ni Sylvester Stallone, ambaye aliibadili hati ikawa ya risasi na milipuko, kisha akajitoa muda mfupi kabla ya kazi kuanza. Eddie akaingia, na mwongozaji Martin Brest akamwachia nafasi ya kubuni maneno yake. Ilitoka Desemba 1984. Jaribu kumweka Stallone kwenye ile kaunta ya hoteli.

"Coming to America ni ya kwetu, na hadithi ni yake"

Zamunda, nchi ya Akeem, haipo, na palasi ile ilijengwa Marekani. Tunaipenda kwa sababu mwanamfalme wa Kiafrika anakuja New York akiwa na hela kuliko wenyeji, nami naipenda kwa hilo pia. Ila hiyo si sababu ya kuipa namba moja.

Kuhusu hadithi, kwenye filamu imeandikwa ni ya Eddie Murphy. Mwandishi Art Buchwald aliishtaki kampuni ya Paramount, na mwaka 1990 mahakama ya Los Angeles ikaamua kwamba filamu ilitokana na wazo alilowauzia yeye. Aliyeshtakiwa ni kampuni, si Eddie. Tamu zaidi ni utetezi: filamu iliyokusanya zaidi ya dola milioni 280 duniani, Paramount wakasema kwa hesabu zao haijapata faida. Wanaoamini kwamba wahasibu ni watu wasio na ubunifu waisome kesi hiyo.

"Norbit ndiyo iliyomnyima Oscar"

Kisa ni kwamba mwanzoni mwa 2007 Eddie alikuwa ameshinda Golden Globe na tuzo ya chama cha waigizaji kwa Dreamgirls, alipomcheza mwanamuziki James "Thunder" Early. Norbit, vichekesho vilivyopondwa na wahakiki, ikatoka Februari, kura za Oscar zikiwa bado zinapigwa, mabango yake kila kona. Akashinda Alan Arkin wa Little Miss Sunshine. Inawezekana Norbit ilimchafulia, lakini Academy, wale wanaotoa Oscar, haitoi hesabu za kura, kwa hiyo anayekuambia kwa uhakika anakupiga fiksi. Mimi nasema Arkin alikuwa mzuri. Na Norbit yenyewe iliteuliwa kuwania Oscar mwaka uliofuata, ya mekapu. Tena Rick Baker.

"Alishaisha tangu miaka ya tisini"

Aliyumba, ndiyo. The Adventures of Pluto Nash ya 2002 iligharimu karibu dola milioni 100 na ikarudisha kama milioni 7. Hiyo hata bure siwapi watu. Lakini Bowfinger na Life ni za 1999, Shrek ni ya 2001, Dreamgirls 2006, Dolemite 2019. Mtu aliyekwisha hafanyi hivyo. Coming 2 America ya 2021 siitetei.

"Delirious ndiyo muvi yake kali"

Delirious ya 1983 ni onyesho la jukwaani lililotengenezwa kwa ajili ya runinga. Raw ya 1987 ndiyo iliyoonyeshwa kumbi za sinema. Zote zinachekesha, zote zina maneno ambayo leo yanakera, na zote naziweka rafu yake. Kupima jukwaa na filamu pamoja ni kumpa mwimbaji na mchezaji mpira kombe moja.

Orodha yangu, kwa wanaoitaka

Kwanza The Nutty Professor. Najua mtaguna. Ondoeni mizaha ya kujamba, ambayo ni mingi kuliko inavyotakiwa, mbaki na meza ile na huzuni ya Sherman anapodhalilishwa na yule mchekeshaji wa klabu mbele ya Carla, mwanamke anayempenda. Msiniambie pia ni wazo jipya; Jerry Lewis aliifanya 1963, lakini familia ya mezani ni ya Eddie.

Pili Trading Places, kwa sababu ndiyo filamu nzima iliyo bora zaidi kati ya zote alizomo. Haiko ya kwanza tu kwa vile nusu ya uzito imebebwa na Dan Aykroyd na wale wazee wawili, Don Ameche na Ralph Bellamy. Ilikaa vichwani hata mwa watunga sheria: kifungu cha sheria ya fedha ya Marekani ya 2010, kinachozuia kufanya biashara ya bidhaa kwa taarifa za siri za serikali kama wanavyojaribu wale ndugu matajiri, wenyewe wanakiita kanuni ya Eddie Murphy.

Tatu Coming to America. Nne Dolemite Is My Name, anapomcheza Rudy Ray Moore, mchekeshaji mwenye kitambi aliyekataliwa na kila mtu akaamua kutengeneza filamu mwenyewe. Hapo hata kicheko maarufu amekiacha nyumbani. Tano Beverly Hills Cop, ya kwanza tu. Sita Bowfinger, ambamo ni ndugu wawili: Kit, staa anayehesabu herufi K kwenye hati akitafuta njama za wabaguzi, na Jiff, mwenye vyuma vya meno, anayeambiwa avuke barabara kuu yenye magari ya kasi na anavuka, analia, kisha anaulizwa kama anaweza kurudia. Saba 48 Hrs. Nane Life, pamoja na Martin Lawrence, wanavyozeeka gerezani.

Shrek naiacha nje kwa sababu uso wake haumo, ingawa taasisi ya filamu ya Uingereza, BAFTA, ilimteua kwa sauti ile ya punda kuwania mwigizaji bora msaidizi. Anayetaka kubishana na hilo aje na soda yake.