Kwa nini anime ya Hellsing ilitengenezwa mara mbili?

Hellsing ni manga, yaani hadithi ya Kijapani ya michoro, ya Kouta Hirano iliyoanza mwaka 1997. Mhusika wake mkuu ni Alucard, mnyonya damu anayelitumikia shirika la Uingereza linalowawinda wanyonya damu wenzake. Ni hadithi ya watu wazima. Damu humo haipimwi kwa kijiko.

Mwaka 2001 ilianza kuonyeshwa kwenye televisheni ya Japani kama anime, yaani katuni za Kijapani za kutazama, kwa vipindi 13. Tatizo, manga yenyewe ilikuwa bado inaandikwa, kwa hiyo watengenezaji walijitungia maadui wao na mwisho wao. Wengi waliokuwa wakiisoma manga hawakuridhika. Februari 2006 ikaanza kutoka Hellsing ya pili, iliyoifuata kazi ya Hirano karibu ukurasa kwa ukurasa, na hii iliuzwa moja kwa moja kwenye DVD. Anime ya namna hiyo huitwa OVA (Original Video Animation).

Njia hiyo ilifunguliwa Desemba 1983, ilipotoka anime ya Dallos ya mwongozaji Mamoru Oshii, inayohesabiwa kuwa OVA ya kwanza. Wakati huo deki za video zilikuwa zinaingia majumbani. Kanda zilikuwa ghali mno, na hapo ndipo penye siri: mashabiki wachache walio tayari kulipa, pamoja na maduka ya kukodisha, waliweza kurudisha gharama bila kumtegemea mdhamini anayetaka kuuza vitu vya kuchezea watoto. Wala hapakuwa na kituo cha televisheni cha kusema "hii hairushwi". Ndiyo maana Crying Freeman, manga ya muuaji wa kukodiwa anayetokwa machozi kila anapoua, iliyojaa utupu na visu, iliingia kwenye kanda mwaka 1988. Sidhani kama kuna mdhamini wa peremende ambaye angeigusa.

Mnunuzi akiwa ndiye bosi, hadithi haikatwi ili itoshe nusu saa. Sehemu za Hellsing ya pili zina takriban dakika 40 hadi saa nzima, kadiri kisa kinavyodai. Lakini pia hakuna ratiba ya kila wiki ya kumharakisha mtu. Manga iliisha 2008. Sehemu ya kumi, ya mwisho, ilitoka Desemba 2012. Kazi ilikuwa imepita mikononi mwa studio tatu: Satelight, Madhouse, kisha Graphinica. Sauti ya Alucard ilibaki ileile ya tangu 2001, ya Jouji Nakata.