Maiki imegoma kufunguka? Mtafute kwanza aliyeifunga

Arusha ni mji wa vikao. Ukiacha kituo cha mikutano cha kimataifa, AICC, na makao makuu ya Jumuiya ya Afrika Mashariki, kuna ofisi za utalii zilizojaa kuanzia Njiro hadi Sakina, na katika kila moja yupo mtu anayekaa mbele ya laptopu akimweleza mgeni wa Marekani kwa nini aende Ndutu Februari na Mto Mara Agosti. Saa tatu usiku ya hapa ni saa nane mchana ya New York wakati wa majira yao ya joto, ndiyo maana simu zangu nyingi za kazi huingia watu wakiwa wameshakula. "Kaka, wageni wananiona, wananipungia mkono, ila maiki imegoma. Nabonyeza, haifunguki."

Huwa namwambia aache kubonyeza. Ile alama nyekundu yenye mkato inakwambia kwamba maiki imefungwa. Haikwambii nani kaifunga, na wanaoweza kuifunga ni wengi: mwendesha kikao, programu ya kikao, kivinjari, Windows, kitufe cha kibodi, kitufe kilicho kwenye waya wa hedseti, hata BIOS, ile programu ya msingi inayoiamsha kompyuta, iliyo chini ya hayo yote. Kila mmoja ana komeo lake, na kitufe unachobonyeza kwenye Zoom kinafungua komeo la Zoom tu.

Mafundi wenzangu watanisamehe, lakini desturi yetu ya kujibu kila tatizo kwa "tupige Windows upya" ndiyo inayowagharimu wateja hapa. Mwendesha kikao akiwa ndiye aliyekufungia, piga Windows utakavyo, bado hutasikika. Tena hizi laptopu za kibiashara tunazouziana mjini, EliteBook za HP na ThinkPad za Lenovo, zikipigwa Windows bila draiva, yaani programu ndogo zinazoendesha vitufe vyake, kitufe cha maiki kinaweza kubaki kimekufa na taa yake ikawa haisemi ukweli. Mtu aliingia dukani na tatizo moja, anatoka na mawili, na amelipia.

Kwa hiyo kabla ya kugusa chochote, ligawe tatizo nusu kwa nusu. Fungua mipangilio ya Windows, yaani "Settings", ingia "System", kisha "Sound", ushuke hadi palipoandikwa "Input". Kwenye Windows 10 utaona mstari unaocheza ukiongea. Kwenye Windows 11 bonyeza jina la maiki yenyewe, utaukuta ndani pamoja na kitufe cha "Start test". Hesabu moja hadi kumi kwa sauti yako ya kawaida. Mstari ukicheza, kompyuta inakusikia, na aliyekufungia yuko kwenye programu ya kikao, kwenye kivinjari au kwenye ruhusa za Windows. Mstari ukilala, Zoom haina kosa. Achana nayo, tushuke chini.

Tuanze na wale ambao mstari wao unacheza.

Siku hizi kamati ya harusi ya Moshi ina wajumbe Dar es Salaam, Mwanza na Uingereza, na kikao kinafanyika Zoom. Katibu akichoshwa na kelele za majogoo na watoto, anafunga maiki za wote, na mara nyingi anaondoa pia ile tiki inayowaruhusu wajumbe kujifungulia wenyewe. Hapo mjomba atabonyeza hadi kidole kiume. Mwendesha kikao anaweza kukufunga bila kukuuliza, lakini kukufungua bila ridhaa yako hawezi. Zoom itakuletea ombi kwenye kioo, nawe ndiye wa kukubali. Google Meet nayo ni hivyohivyo. Ni suala la faragha, na mimi naliunga mkono: hakuna anayetaka katibu amfungulie maiki wakati anashauriana na mkewe watoe mchango kiasi gani. Dawa ya hapa haiko kwenye kompyuta yako. Inua mkono wa Zoom, au andika kwenye gumzo kwamba umefungiwa na unaomba ruhusa. Kwenye Teams, mwandaaji akizima maiki za wahudhuriaji, kitufe chako kinapauka kabisa, na kikipauka ujue uamuzi si wako.

Kuna mwingine ambaye hakufungwa na mtu. Aliingia kikaoni, Zoom ikamuuliza kama ajiunge na sauti ya kompyuta, akalifunga lile dirisha kwa haraka zake. Tazama pembe ya chini kushoto: ukikuta picha ya hedifoni mahali ambapo maiki ingekuwa, huna maiki ya kufungua kwa sababu hujajiunga na sauti. Bonyeza hiyo hedifoni, kubali, na maiki itajitokeza.

Wanaotumia Meet ndani ya Chrome, tatizo lenu huwa ni ruhusa. Mara ya kwanza kivinjari kiliuliza, mkabonyeza "Block" mkidhani ni tangazo, na kuanzia hapo kinakumbuka jibu lenu wala hakiulizi tena. Kushoto kwa anwani ya ukurasa kuna alama ndogo. Zamani ilikuwa kufuli, tangu 2023 ni vistari viwili vyenye vitone. Bonyeza, rudisha ruhusa ya maiki, kisha pakia ukurasa upya. Bila kupakia upya utaona kama hujafanya kitu.

Sasa hedseti, ambayo inakufunga mstari ucheze au ulale, na hapa nitakaa kidogo, maana ndipo penye visirani vya kweli. Hedseti ya pini ya kawaida yenye kiswichi kwenye waya inakata sauti kimyakimya. Kompyuta haijui lolote: Zoom inaonyesha maiki iko wazi, Windows haina neno, ila mstari wa "Input" umelala kabisa. Kiswichi hicho kikijigonga kwenye kifungo cha shati au kwenye ukingo wa meza, basi. Hedseti ya USB ni kinyume chake, yenyewe inazungumza na programu. Ukibonyeza kitufe chake, inaiambia Teams au Zoom "tumefunga", na programu inatii. Shida huja pale viwili hivyo vinapoacha kuelewana, kwa mfano umeichomeka hedseti kikao kikiwa kimeshaanza. Wewe unafungua kwenye programu, hedseti inasisitiza imefunga, na alama nyekundu inarudi palepale. Watu wanaapa kompyuta ina jini.

Namna ya kumkamata ni kuichomoa. Chagua maiki ya ndani ya laptopu kwenye kile kimshale kilicho kando ya alama ya maiki, ufungue. Ikifunguka, mkosaji umeshamjua. Ichomeke tena hedseti, bonyeza kwanza kitufe chake chenyewe, ndipo uguse cha programu. Zikiendelea kugombana, Zoom ina kipengele katika mipangilio ya sauti kinachounganisha vitufe vya hedseti na programu. Kizime, kila mmoja abaki na lake.

Upande wa mstari uliolala, cha kwanza kutazama ni kibodi. ThinkPad nyingi zina kitufe cha maiki kwenye F4, EliteBook nyingi kwenye F8, vyote na kitaa kidogo. Taa ikiwaka, maiki imefungwa kwa mashine nzima. Mtoto akipita hapo, au wewe mwenyewe ukifuta vumbi la kiangazi cha Arusha juu ya kibodi bila kuizima laptopu, umeshajifungia. Meet na Teams huwa zinatoa ujumbe kwamba maiki imezimwa na mfumo wa kompyuta. Usomeni huo ujumbe, msiufunge tu.

Kitufe kisipokuwa na la kusema, bonyeza kitufe cha Windows pamoja na R, andika mmsys.cpl, kisha Enter. Linafunguka dirisha la zamani ambalo Microsoft haijalitupa, na mimi naliamini kuliko yale mapya. Ingia "Recording", bonyeza maiki yako mara mbili, nenda "Levels". Hapo kuna picha ya spika: ikiwa na alama nyekundu, maiki imefungwa hapo, na hakuna kitufe cha Zoom kitakachoifikia. Kiwango nacho kisiwe sifuri. Ukiwa humohumo, hakikisha maiki yenye tiki ya kijani ndiyo unayoongelea, isije ikawa ni ya kamera ya USB iliyolala kwenye droo na waya wake bado umechomekwa.

Ukimaliza hapo, na hata kama mstari wako ulicheza, tazama ruhusa za Windows: "Privacy", kisha "Microphone". Swichi ni kadhaa, na watu hufungua ya juu wakaondoka. Shuka hadi chini kabisa, ile ya programu za mezani, yaani "desktop apps", ndiyo inayozihusu Zoom na vivinjari. Ikizimwa, programu inaweza kukuonyesha maiki iko wazi kabisa huku ikisikia ukimya mtupu.

Nimeziacha mwisho laptopu za mitumba kwa makusudi. Nyingi tunazonunua zilikuwa mali ya makampuni ya nje kabla hazijafika kwetu, na baadhi ya makampuni hayo yalizima maiki kwa sababu za usalama. Yalizima kwa njia mbili. Ya kwanza ni sera za Windows: ukifungua ukurasa wa ruhusa unakuta swichi zimepauka na maandishi kwamba mipangilio inasimamiwa na taasisi yako, wakati wewe ni mwalimu wa Ngaramtoni na laptopu ni yako binafsi. Hapa ndipo kupiga Windows upya kunapofaa, nakiri. Lakini ikiwa baada ya kupiga, mashine inapowaka na kupata intaneti, inakukaribisha kwa jina la kampuni usiyoijua, bado imesajiliwa kwao. Irudishe kwa aliyekuuzia, usitafute njia za panya.

Njia ya pili ni BIOS. Dalili yake ni kwamba maiki ya ndani haionekani popote, si kwenye "Sound" wala kwenye "Device Manager", ile orodha ya Windows ya vifaa vyote vya mashine, kana kwamba haikuwahi kuwepo. Zima mashine, iwashe ukibonyezabonyeza F1 kwa ThinkPad, F10 kwa HP, F2 kwa Dell. Kwenye ThinkPad tafuta "Security", kisha "I/O Port Access", utaikuta maiki kwenye orodha. Iwashe, hifadhi, toka. Kukiwa na nywila ya BIOS usiyoijua, hiyo nayo ni ya muuzaji. Ndiyo maana huwa nawaambia wanunuzi: kabla hujatoa hela, fungua programu ya kurekodi sauti palepale dukani, ongea, jisikilize. Muuzaji akinuna, mwache anune.

Pini nazo. Hesabu mikanda myeusi kwenye pini ya hedifoni yako. Ikiwa miwili, hiyo haina maiki kabisa, hata kama aliyekuuzia alisema inayo. Mitatu ina maiki, lakini kompyuta ya mezani yenye matundu mawili, la waridi na la kijani, haitaisikia ukiichomeka moja kwa moja. Unahitaji kigawanyo cha pini moja kwenda mbili, na ni bei ndogo. Hedifoni za Bluetooth zina sura mbili, ya muziki na ya simu, na maiki hufanya kazi kwenye sura ya simu tu. Chagua ile iliyoandikwa "Headset" au "Hands-Free", na usishangae sauti ikigeuka ya redio ya mbao.

Wenye MacBook hawana mengi: ruhusa ziko chini ya "Privacy & Security", na programu lazima ifungwe kabisa na kufunguliwa upya ndipo izione. Ila ukiwa umefunga mfuniko na unatumia kioo cha nje, matoleo ya miaka hii hukata maiki ya ndani kwa vifaa vyenyewe. Hakuna mpangilio wa kuirudisha, fungua mfuniko.

Ikibaki maiki yenyewe, tazama vitundu vyake. Laptopu nyingi huviweka kando ya kamera, na wanaobandika stika kuziba kamera huviziba navyo. Bandua, pangusa kwa brashi laini. Usichokoe kwa sindano, ndani kuna utando mwembamba sana. Ikiwa imekufa kweli, maiki ndogo ya USB itakutoa, huna haja ya kufungua mashine.

Na kama mgeni yuko hewani sasa hivi anakusubiri, usitengeneze chochote. Fungua kiungo kilekile cha kikao kwenye simu yako, ongea kupitia simu, laptopu ibaki na picha tu. Zima spika zake na utoke kwenye sauti upande huo, vinginevyo mtasikia mwangwi hadi mkate tamaa. Asubuhi niletee laptopu, na uje na hedseti ileile iliyogoma, usiniletee nyingine.