Mtoto Akifariki Hageuki Malaika

Kwenye misiba ya watoto hapa Moshi, mama aliyefiwa huambiwa, "Usilie, Mungu amepata malaika." Ni faraja ya upendo, na sishauri mtu amsahihishe mfiwa pale msibani. Ila si mafundisho ya dini. Kwa Wakatoliki, malaika ni roho walioumbwa hivyo. Hawajawahi kuwa binadamu. Mtoto aliyebatizwa akifa yuko mbinguni pamoja na watakatifu, naye hubaki mtu, akingoja ufufuo wa mwili. Waislamu nao hufundishwa kuwa malaika waliumbwa kwa nuru, Adamu kwa udongo.

Malaika mlinzi, anayeadhimishwa Oktoba 2, ni habari nyingine: huyo humlinda mtoto angali hai. Na mtu mzima anaye pia, ingawa wengi huacha kumwomba wakishapata Komunyo ya kwanza.