Walanguzi kizuizini: yanayosemwa India na yanayoamuliwa mahakamani

“Amewekwa kizuizini, kwa hiyo ana hatia.”

Huenda hata kushtakiwa hajashtakiwa. Sheria ya India ya mwaka 1980 ya kuzuia ulanguzi wa bidhaa muhimu humruhusu mkuu wa wilaya au kamishna wa polisi kumfungia mtu ili asije akatenda kosa. Kama mwenye duka la mgawo ameuza kwa magendo mafuta ya taa ya mgawo, yale yanayotiwa rangi ya buluu ili yatambulike, kosa hilo lina kesi yake chini ya Sheria ya Bidhaa Muhimu ya mwaka 1955, yenye mashahidi na hukumu. Kizuizi ni njia ya mkato, na njia ya mkato huwatamanisha maofisa.

“Serikali humfungia muda wowote ipendao.”

Kikomo ni miezi 6. Kabla ya hapo kuna saa nyingi zinazogonga. Amri ya mkuu wa wilaya hufa baada ya siku 12 isipoidhinishwa na serikali ya jimbo, au siku 15 pale sababu zinapochelewa kutolewa. Aliyefungwa apewe sababu hizo ndani ya siku 5. Zikizidi, mwisho ni 10, na ucheleweshaji uelezwe kwa maandishi. Ndani ya wiki 3 jambo lifike kwa bodi ya ushauri yenye watu wa hadhi ya majaji wa Mahakama Kuu. Bodi ikiona hakuna sababu ya kutosha, lazima aachiwe.

“Mahakama huamua kama kweli alificha mchele.”

Hapa ndipo wengi hupotea. Jaji hapimi ushahidi upya. Anauliza kama ofisa aliifikiria amri aliyoitia saini, kama nyaraka zinahusiana na madai, kama aliyefungwa alipewa nafasi ya kujitetea mapema, kama Ibara ya 22(5) ya Katiba inavyotaka. Mwaka 1962, katika kesi iliyohusu sheria nyingine ya kizuizi, Mahakama ya Juu ilimwachia mtu aliyejua Kihindi lakini akakabidhiwa sababu kwa Kiingereza. Mwaka 2021 ilifuta amri ya kumfungia mtu iliyotolewa Jabalpur, jimbo la Madhya Pradesh, kuhusu sindano bandia za Remdesivir, dawa iliyotumika kutibu korona, wakati wa wimbi kali la ugonjwa huo. Safari hii ilitumika Sheria ya Usalama wa Taifa. Madai yalikuwa mazito, lakini serikali ya jimbo ilikawia kuamua malalamiko ya aliyefungwa, na majibu ya kuyakataa hayakumfikia kwa wakati.

Watu husema ameponea karatasi. Ni kweli, na mimi sioni kosa. Mtu asiye na kesi wala shahidi wa kumhoji anabaki na nini kingine zaidi ya karatasi hizo?

“Akishinda, amesafishwa.”

Hapana. Kilichofutwa ni amri ya kizuizi. Kesi ya jinai, kama ipo, inaendelea.

“Bila wakili mkubwa hufiki popote.”

Katika uamuzi wa mwaka 1980 Mahakama ya Juu ilisema hata kadi ya posta kutoka gerezani imewahi kutosha kuifanya ichukue hatua, na kwamba ni serikali inayopaswa kuonyesha kuwa kizuizi ni halali. Mbele ya bodi mambo ni magumu zaidi: aliyefungwa hana haki ya wakili. Ila serikali ikitumia wakili wake au mshauri wa sheria pale, aliyefungwa naye lazima aruhusiwe kuwa na wakili.

“Lazima ukamatwe kwanza ndipo ulalamike.”

Kwa kawaida ndivyo, maana mahakama haipendi kumsaidia anayejificha. Hata hivyo mwaka 1990 Mahakama ya Juu ilitaja hali 5 za kuipinga amri kabla ya kukamatwa, kwa mfano inapomlenga mtu asiyehusika, inapotolewa kwa lengo lisilo la sheria, au na ofisa asiye na mamlaka. Mwaka 2008 ikaongeza kuwa hizo 5 ni mifano tu.