Crepuscular maana yake nini hasa, na unalitumiaje

Mi ni mtafsiri, na maandishi mengi yanayopita mezani kwangu ni ya wanyama na mazingira, kwa hiyo kuna neno la Kiingereza nakutana nalo kuliko watu wengi, nalo ni crepuscular. Nalipenda sana hili neno na inaniuma nikiona limetumika hovyo. Ukifungua kamusi unaambiwa linahusu utusitusi, ule wakati ambao jua halipo lakini giza bado halijashika, basi, imeishia hapo. Sasa mtu akishasoma hivyo anaenda kulibandika popote penye mwanga hafifu, korido, pango, chumba ambacho mapazia yamefungwa saa sita mchana. Hapana jamani. Hili ni neno la wakati kwanza, mambo ya mwanga yanafuata baadaye, na ukishika hilo tu umemaliza nusu ya kazi.

Matamshi tuyamalize haraka. Ni kri-PAS-kyu-la, mkazo uko kwenye PAS. Sisi mdomo umezoea kuweka mkazo silabi ya pili kutoka mwisho kwa hiyo utajikuta unasema kri-pas-KYU-la, utaeleweka ila msikilizaji atasita kidogo kwanza.

Kwa nini Kiingereza kiwe na neno gumu hivi wakati kina twilight na dusk na dawn? Ukitazama vizuri utaona kuna utaratibu. Kiingereza mara nyingi kinachukua nomino kutoka kwenye mizizi yake ya zamani ya Kijerumaniki halafu kivumishi chake kinaazima Kilatini. Jua ni sun ila kivumishi ni solar, mwezi ni moon ila kivumishi ni lunar, usiku ni night na kivumishi ni nocturnal, mchana ni day na kivumishi ni diurnal. Twilight nayo ikapata crepuscular, kutoka crepusculum ya Kilatini. Kwa hiyo hili neno liko ngazi moja na nocturnal, tena hii ndo njia ninayowapa wanaoanza kazi ya kutafsiri: kabla hujaandika crepuscular jiulize kama mahali hapo ungeweza kuweka nocturnal na sentensi ikabaki na akili. "Mnyama wa usiku", sawa. "Korido ya usiku" kwa maana ya korido yenye giza, hapana, sasa kwa nini crepuscular ikubali?

Na ile -ar mwishoni ina habari yake nzuri. Kilatini kilikuwa na kiambishi -alis cha kutengenezea vivumishi, ndo tunakiona kwenye naval na annual, lakini neno likiwa tayari lina L karibu na mwisho wake walikuwa hawapendi kurudia L mbili zikaribiane, ya pili wakaigeuza R, ndo maana una solar, lunar, muscular, circular, popular, na crepuscular yetu. Zipo zilizoponyoka, legal kwa mfano, lakini ukiwa na wasiwasi uandike -al au -ar, angalia kama L imeshatangulia.

Kabla ya Kiingereza, Varro, yule msomi wa Roma wa karne ya 1 kabla ya Kristo aliyeandika juu ya lugha ya Kilatini, aliligusa hili neno crepusculum. Anasema lina undugu na creper, na kwamba Reate, mji wa Wasabini, watu wa kale wa Italia ya kati, lilikuwa na maana ya shaka, kitu kisicho na uhakika, kwa sababu ule wakati watu wengi hushindwa kujua kama bado ni mchana au ndo usiku umeshaingia. Anaongeza kwamba Amiterno, mji wao mwingine, kulikuwa na watu walioitwa Crepusci kwa sababu walizaliwa saa hizo, kama walivyoitwa Lucius waliozaliwa na mwanga wa kwanza. Hii ya mtoto kupewa jina la saa aliyozaliwa sisi hatuhitaji kuelezwa mara mbili! Kwangu mimi hiyo shaka ndo roho ya neno, siyo giza.

Haya, twende kwenye uwanja wake halisi, elimu ya wanyama. Huku crepuscular siyo pambo, ni istilahi yenye kazi. Mnyama wa mchana ni diurnal, wa usiku ni nocturnal, na yule ambaye pilikapilika zake nyingi ziko alfajiri na magharibi ndo crepuscular. Angalia hiyo "na". Ni ncha zote mbili za siku, siyo jioni peke yake, na hapa ndo tafsiri nyingi zinaangukia, unakuta mtu kaandika "wanyama wa machweo" na nusu ya maana imeshapotea. Mwandishi akitaka ncha moja tu yapo maneno yake, matutinal kwa wale wa alfajiri, wapo nyuki wa hivyo wanaotoka kabla hata jua halijachomoza, na vespertine kwa wale wa jioni, kutoka vesper, na humohumo ndo limetoka Vespertilionidae, jina la familia kubwa kabisa ya popo. Halafu wapo ambao hawana ratiba, wanajishughulisha mchana na usiku vilevile, hao ni cathemeral, neno alilolianzisha Ian Tattersall mwaka 1987 alipokuwa anaeleza lemuri wa Madagaska. Kwa hiyo ukisoma ripoti ya utafiti ukaona crepuscular, jua mwandishi alikuwa na maneno mengine mezani akalichagua hilo makusudi.

Sungura ni mfano mzuri, na paka pia. Watu wanasema paka ni wa usiku, lakini ukimfuatilia utakuta nguvu zake nyingi ziko asubuhi mapema na jua likizama, usiku wa manane mara nyingi kalala. Sababu za kuishi hivi zinatofautiana kwa kila mnyama. Joto linapungua, kwenye majangwa hili ni jambo la kufa na kupona. Mwanga upo wa kutosha kuona chakula lakini hautoshi kwa adui anayewinda kwa macho ya mchana kama mwewe, na wakati huohuo yule wa gizani kama bundi ndo kwanza anaanza zamu. Siyo kinga kamili, maana wapo wawindaji walioshika saa hizohizo, huyo paka mwenyewe ni mmoja wao.

Sasa mbu, maana hapa neno linagusa afya ya watu. Aedes aegypti, huyu anayesambaza dengi, anauma mchana, lakini kuna vipindi anazidisha, asubuhi mapema na jioni kabla giza halijaingia. Ukikutana na maandishi yanayosema ni diurnal with crepuscular peaks, usikimbilie kuandika "mbu wa alfajiri na magharibi", kwa sababu utakuwa umemwambia msomaji kwamba saa nne asubuhi yuko salama na siyo kweli. Tafsiri inayofaa ni kwamba anauma mchana, na huuma zaidi asubuhi mapema na jioni. Hilo diurnal lililotangulia ndo limebeba sentensi, crepuscular imekuja kusema kilele kiko wapi. Kivumishi kimoja ukikipa uzito kisichostahili, mtu anavua nguo za mikono mirefu saa ambayo bado anazihitaji.

Wanajimu nao wameupima huu wakati kwa nyuzi. Jua likiwa chini ya upeo mpaka nyuzi 6 ni utusitusi wa kiraia, unaweza bado kufanya shughuli za nje bila taa, mpaka 12 ni wa kibaharia, mpaka 18 ni wa kinajimu, na baada ya hapo ni usiku kamili. Kwenye ikweta jua linashuka karibu wima, kwa hiyo hiyo ya kwanza inaisha ndani ya dakika 20 na kidogo na zote tatu zinachukua kama dakika 70 hivi. Kule London mwezi wa 6 jua halifiki nyuzi 18 usiku kucha, yaani kwa hesabu hizo usiku kamili haupo kabisa. Nalisema hili kwa sababu mwandishi wa kaskazini akiandika crepuscular anaweza kuwa na kichwani kipindi kirefu sana, jioni inayoburuza, na msomaji wa ikweta anaona kitu cha kupita tu, hivyo ukitafsiri hadithi yenye watu wanaotembea na kupiga stori muda mrefu kwenye crepuscular light ujue huo muda kwao unawezekana kabisa.

Na huo mwanga wenyewe hauko sawa na taa iliyopunguzwa. Jua likishazama, anga yote ndo inakuwa taa, inaegemea bluu, na macho yetu yako katikati ya kubadilisha gia, seli za mwanga mkali zinachoka na zile za gizani zinaamka, matokeo yake vitu vyekundu vinaonekana vyeusi mapema wakati kijani na bluu bado vinadunda. Purkyně, Mcheki wa karne ya 19, ndo alieleza jambo hilo na mpaka leo linaitwa kwa jina lake. Kaangalie ua jekundu kwenye majani yake saa hizo utaliona mwenyewe. Mwandishi akisema crepuscular light anaweza kuwa anamaanisha haya yote, ndo maana "mwanga hafifu" huwa naona haitoshi.

Kuna sehemu moja ambapo neno limeruhusiwa kutoka nje ya saa zake, crepuscular rays, ile miali ya jua inayopenya kwenye matundu ya mawingu ikatawanyika kama feni. Jina limetokana na kuonekana sana jua likiwa chini, lakini hata saa tisa mchana watu huiita hivyohivyo na siyo kosa. Kiuhalisia hiyo miali iko sambamba, kutawanyika ni macho tu, kama reli zinavyoonekana kukutana mbali. Ukigeuka ukalipa jua mgongo unaweza kuikuta inakusanyika upande wa pili wa anga, hiyo inaitwa anticrepuscular.

Kwenye matumizi ya mafumbo kuwa makini na lugha unayotoka. Kifaransa, Kihispania na Kiitaliano wana hili neno kwa matumizi ya kila siku na wamelipa maana ya kitu kinachoishia, enzi inayozama. Mwaka 1910 mhakiki Giuseppe Antonio Borgese aliwaita washairi fulani wa Italia crepuscolari kwa sababu aliwaona kama jioni ya ushairi mkubwa uliotangulia, na jina likawaganda. Kiingereza hakijafika huko sana, kwa maana ya kuishia chenyewe hutumia twilight, twilight years na kadhalika. Ukiandika crepuscular years kwa uzee wa mtu, msomaji atajua umetafsiri kutoka lugha nyingine.

Halafu kuna corpuscular. Hili linakuja kwenye mswada mpaka nashangaa, na programu ya kukagua tahajia hailikamati kwa sababu nalo ni neno halali. Corpuscular ni ya chembechembe, kwenye majibu ya damu utaona mean corpuscular volume, wastani wa ukubwa wa chembe nyekundu, na nadharia ya Newton kwamba mwanga ni chembe inaitwa corpuscular theory of light. Unaona hatari, yote mawili yanapenda kukaa karibu na light. Soma herufi za mwanzo taratibu, cre ni utusitusi, cor ni chembe, kutoka corpus yaani mwili.

Mwisho, mkiniuliza nalitafsirije, sina neno moja na wala silitafuti. Kwa sentensi kama "rabbits are mainly crepuscular" huwa naandika: sungura hujishughulisha zaidi alfajiri na magharibi. Hiyo mainly msiiache, ndo imebeba "zaidi", maana sungura huyohuyo unaweza kumkuta anakula saa nane mchana na mwandishi wa awali alishalijua hilo.