Simba hakuja kwa jahazi

Juzi shemeji kanitumia video nyingine. Ni ya tatu tangu mwaka uanze, na zote zinaimba wimbo uleule: eti neno letu "simba" limetoka Kisanskriti, lugha ya kale ya Bara Hindi, kwenye siṃha, na mabaharia wa Bara Hindi ndio waliotuletea. Chini kaandika, "Mwalimu, hii unaionaje?" Shemeji, naiona kama nilivyoiona ile ya kwanza. Safari hii naandika kabisa, ikija ya nne nikuelekeze hapa nikanywe chai yangu.

Nianze na ninachokubali. Siṃha ni simba kweli, mnyama yuleyule. Matamshi yanakaribiana, maana ni moja, na bahari iliyo katikati imevukwa kwa kusi na kaskazi zaidi ya miaka elfu. Anayekisia hivyo si mjinga. Tatizo ni kwamba amekisia, akarekodi video, akaenda kulala.

Tuanzie kwetu. Wataalamu wa lugha za Kibantu wanalirudisha neno hili kwenye mzizi wa mame-Bantu, yaani lugha ya kale iliyozaa lugha hizi zote, *-cimba, na maana yake ya mwanzo yaelekea ilikuwa mnyama fulani wa mwituni wa sura ya paka. Wasukuma, ambao pwani wanaisikia tu, wanasema shimba. Wazulu wanasema insimba, ila ukiwaomba wakuonyeshe insimba watakuonyesha kanu, yule mdogo mwenye madoa na mkia wa pete-pete. Simba kwao ni ibhubesi. Haya, kama neno lilishuka forodhani likiwa na maana ya simba, nani alilibeba hadi kwa Wazulu akalishusha cheo likawa kanu? Ukianza na paka-mwitu mambo yananyooka: huku amekua akawa simba, kule amebaki mdogo. Na tuseme ukweli, watu waliokesha wakilinda zizi wasikie ngurumo usiku kucha, wasubiri mtu atoke Gujarat kuja kuwaambia kile kinachowala ng'ombe kinaitwaje? Najua Gujarat simba wapo. Msitu wa Gir na maeneo ya jirani ndiko pekee Asia walikobaki porini. Bado.

Sasa tuje kwenye b, maana hapa ndipo hasira zangu zinapoanzia.

Watu wakiona siṃha imeandikwa kwa herufi za Kilatini wanaona m, wanasema "simha, simba, si hilohilo?" Si hilohilo. Ile ṃ yenye nukta ni anusvara. Ni unazali tu, sauti ya puani inayomsikiliza jirani yake, na wala si m ya kufunga midomo. Jirani yake hapa ni h, inayotokea nyuma kabisa kooni. Lugha zilizofuata zilipoendelea kutamka neno hili, kilichojitokeza kati ya pua na koo ni g. Kwenye Kiprakriti, yaani lugha za kawaida za watu wa Bara Hindi ya kale, utakuta siṃgha, na pia sīha ambayo imeutupa unazali wote. Kwenye lugha za leo ndiyo Singh unayoijua. Kote huko midomo haijakutana hata mara moja. Hiyo b imetoka wapi?

Mwanafunzi mmoja aliwahi kunibana hapa, na alinibana vizuri. Alisema: mwalimu, mbona embe? Kisanskriti kinasema āmra, hakuna b, na sisi tunasema embe. Swali zuri kuliko video zote tatu. Jibu ni ile r. Sema "amra" mara kumi harakaharaka. Midomo imefungwa kwa m, ulimi unakimbilia r, na pua ikifunga kabla midomo haijaachia unajikuta umesema "ambra". Ndicho kilichotokea: āmra ikawa amba kwenye Kiprakriti, na tāmra, yaani shaba nyekundu, ikawa tamba kwa njia hiyohiyo. Kanuni ikishika neno moja hushika na ndugu zake, ndiyo maana tunaiita kanuni. Siṃha haina r. Haina kabisa. Kwa hiyo b ya embe ina mama yake, na b ya simba ina mama yake mwingine, aliyeko Bantu.

(Nikiri, e ya mwanzo ya "embe" inanisumbua. Mimi ningetegemea "ambe". Nina maelezo mawili na siyapendi yote mawili.)

Jambo linalonichekesha ni kwamba siṃha iliingia Kiswahili kweli, na kila mtu wa Dar au Mombasa ameshaitamka. Imo kwenye "Kalasinga", na kwenye "Singasinga" pia. Tangu mwaka 1699, ilipoundwa Khalsa, jumuiya ya Masikh waliotawazwa, wanaume wa Kisikh wanaoingia humo hubeba jina Singh, yaani simba. Wengi wa waliofika kwetu walifika na reli iliyoanza kujengwa Mombasa mwaka 1896, na jina lao likaingia vinywani mwetu. Limeingiaje? Kwa ng. Si kwa mb. Kalasinga, si Kalasimba. Wamalay nao waliolipokea neno zamani sana wanamwita simba singa, na mji wa Singapore jina lake la asili ni Siṃhapura, mji wa simba, ambao kwa Kimalay ni Singapura. Ng tena. Ningekuwa wakili ningekaa chini hapa.

Halafu kuna hili la kusema "Kisanskriti" wakati mtu anamaanisha Kihindi, Kigujarati, Kikutchi na chochote kinachosikika madukani. Kisanskriti hakikupanda jahazi. Kilikuwa lugha ya wasomi, makuhani, washairi na mabaraza ya wafalme. Aliyepima kitambaa Unguja alihesabu kwa lugha ya mama yake. Hata kwao, maandishi ya kale kabisa ya Bara Hindi tunayoweza kuyasoma kwa uhakika ni ya Kiprakriti. Pale Junagadh, huko huko Gujarat karibu na simba wa Gir, kuna jiwe lenye amri za mfalme Ashoka kwa Kiprakriti, za karne ya 3 kabla ya Kristo. Maandishi marefu ya Kisanskriti ya mfalme Rudradaman yaliongezwa kwenye jiwe hilohilo mnamo mwaka 150 baada ya Kristo. Lugha kongwe ikaandikwa baadaye, kwa sababu Veda, nyimbo takatifu za kale za Kisanskriti, zilikuwa zikihifadhiwa kichwani, silabi kwa silabi, na watu waliodharau kabisa mambo ya kuandika.

Na tafadhali, Devanagari, zile herufi za kuandikia Kihindi, si "herufi za Kisanskriti". Kisanskriti kimeandikwa kwa Brahmi, Sharada, Grantha, Kibengali, Kitelugu, Kimalayalam, chochote kilichokuwa karibu na mwandishi. Mswahili ndiye wa mwisho kushangaa hili. Mashairi yetu tuliyaandika kwa herufi za Kiarabu miaka mingi na hayakugeuka Kiarabu.

Maneno ya Kisanskriti tunayo, ila yamefika yakiwa yamechoka na safari. Laki unayoitaja ukilipa kodi ya nyumba ilikuwa lakṣa, ikawa lakkha, ikawa lākh, ndipo tukaipokea. Sukari ilikuwa śarkarā, na maana yake ya kwanza ni changarawe, kokoto ndogondogo. Waajemi wakasema shakar, Waarabu sukkar, nasi tukaweka i mwishoni. Pilipili ilikuwa pippalī, ile pilipili ndefu ya dawa, jamaa ya pilipili manga. Hoho na kichaa zimetoka bara la Amerika karne nyingi baadaye zikakuta jina lipo tayari. Vitabu vingi hukwambia tulipata pilipili kwa Waarabu. Mimi nina shaka. Waarabu hawana p, wanasema filfil, na Kiswahili hakina ugomvi wowote na f. Kwa nini tuigeuze kuwa p? Waajemi zamani walisema pilpil. Naona mlango ulikuwa huo.

Lakini urithi mkubwa kuliko yote haufanani na Kisanskriti hata kidogo, na ndiyo sababu hakuna anayeutengenezea video. Ni sifuri.

Kisanskriti kinaiita śūnya, tupu. Mwaka 628 Brahmagupta, mwanahesabu wa Bara Hindi, aliandika kanuni za kuijumlisha, kuitoa na kuizidisha kama namba kamili, akateleza pale aliposema sifuri ukiigawa kwa sifuri unapata sifuri. Hekaluni Gwalior, huko Bara Hindi, kuna maandishi ya mwaka 876 ambapo 270 imeandikwa na kiduara chake mwishoni, unaisoma bila mkalimani. Waarabu walipoipokea hesabu hii hawakulichukua neno, walichukua maana. Walitafuta tupu ya kwao, ṣifr, wakaitumia. Sisi tukaichukua ṣifr ikawa sifuri. Sikiliza sauti: śūnya na sifuri wanakutana kwenye s tu, na hiyo ni bahati. Ukoo ni mmoja hata hivyo. Simba na siṃha wanafanana kama mapacha na hawajawahi kulala nyumba moja. Tarakimu zenyewe Wazungu wanaziita za Kiarabu. Waarabu zile wanazozitumia wao, ٠ ١ ٢ ٣, wanaziita za Kihindi. Kila mtu anamtaja aliyempa.

Kuhusu siṃha yenyewe imetoka wapi, msiniulize kwa sauti kubwa. Yaska, msomi wa Kisanskriti aliyeandika Nirukta, kitabu cha asili za maneno, karne kadhaa kabla ya Kristo, alipendekeza kwamba huenda ni mzizi hiṃs, kudhuru, uliogeuzwa kinyumenyume. Yaani hata yeye alikuwa anacheza mchezo wa shemeji. Wengine huilinganisha na neno la Kiarmenia la chui. Nimesoma hoja zao mara nyingi na kila mara natoka nikiwa nimeshawishika nusu.

Na kabla hujaniletea "saba ni sapta": saba yetu ni ya Kiarabu, sabʿa, kama sita na tisa. Hilo limekwisha. Ila kwa nini Wasemiti (ukoo wa Kiarabu) na Waindo-Ulaya (ukoo wa Kisanskriti), koo mbili tofauti, wana saba zinazofanana hivi, kuna wataalamu wanaodhani kwamba zamani mno, kabla ya Kisanskriti na kabla ya Kiarabu, mmoja alimwazima mwenzake. Wengine wanasema bahati tu. Mimi nimebadili upande mara mbili. Hiyo, shemeji, itengenezee video.